Miaka Thelathini na Moja ya Kumkataa Bibi Harusi Asiyekuwapo

Ifikapo saa kumi jioni ya tarehe thelathini mwezi huu, mwongoza watalii mkongwe kuliko wote katika kampuni yetu atarudisha kitambulisho chake na kustaafu, baada ya kutumika miaka thelathini na moja na miezi minne. Kwenye faili lake la ajira ana jina refu, lenye mihuri. Sisi tunamwita Shangazi, kuanzia wafagizi hadi mkurugenzi, na hata mume wake akipiga simu ofisini huomba kuzungumza na Shangazi.

Nimeombwa mimi, dereva wake wa miaka kumi na tisa, niandike wasifu huu kwa ajili ya ratiba ya sherehe. Ofisi ya utawala imenipa maelekezo: aya ziwe fupi, lugha iwe ya furaha, mafanikio yatajwe, na nisiguse "mambo yaliyokwisha kupita". Wasifu wa mstaafu usiogusa yaliyopita ungebaki na tarehe mbili na picha. Basi maelekezo nimeyasoma, nimeyakunja vizuri, nimeyaweka chini ya mguu wa meza yangu inayoyumba. Yamefaa sana.

Shangazi aliajiriwa kuwa karani wa tiketi. Mwongozaji wa wakati huo alikuwa bwana mmoja mwenye tai nzuri ambaye kila Jumatatu aliamka na homa. Jumatatu moja mabosi walimsukumia Shangazi karatasi mbili zilizopigwa chapa, wakampandisha kwenye basi, wakamwambia asome kwa sauti kila basi litakaposimama. Alisoma. Kwenye daraja la mawe mgeni mmoja akauliza lilijengwa mwaka gani. Karatasi haikusema. Mwenye tai angetaja mwaka wowote uliomjia mdomoni, na wageni wangeuandika. Shangazi alijibu kwamba hajui, akaomba anwani ya yule mgeni, na miezi minne baadaye akamwandikia barua ya kurasa tatu kuhusu daraja lile. Kwa habari tulizo nazo, hiyo ndiyo mara ya kwanza mtu wa kampuni hii kukiri kwamba kuna kitu hakijui. Haikupendeza. Lakini mwenye tai hakupona homa, na Shangazi akabaki kwenye basi.

Kwa asiyeijua safari yetu ya siku moja: tunaondoka saa moja asubuhi uani pa ofisi. Kwanza mahakama ya zamani, kisha makaburi ya wageni, kisha daraja la mawe. Halafu tunapanda kona thelathini na mbili hadi nyanda za juu, ambako kuna majani mafupi, misonobari, baridi na ukungu unaokuja bila kubisha hodi. Huko wageni hula chakula chao cha kwenye boksi mbele ya maporomoko ya maji. Kituo cha mwisho ni nyumba ya mawe iliyo ukingoni mwa genge, na saa kumi na moja jioni tumerudi.

Safari hiyo Shangazi ameifanya zaidi ya mara elfu sita. Amemweleza bibi mmoja, kwa upole, kwamba maporomoko ya maji hayafungwi baada ya saa za kazi. Amemsikiliza bwana aliyelalamika kwamba mahakama ya zamani ilijengwa mbali mno na hoteli yake. Amemshika mkono mama aliyekuja milimani na viatu vya kuchongoka, akamshusha hatua kwa hatua, na jioni mama huyo akaandika kwenye kitabu cha maoni kwamba milima haikuandaliwa vizuri. Na mgeni aliyelala tangu kona ya kwanza hadi ya thelathini na mbili, kwenda na kurudi, ndiye aliyeandika kwamba mandhari ni ya kawaida. Sisi tulicheka. Shangazi alisema watu hulipa kwa nauli na kwa macho, na wengine macho huyasahau nyumbani.

Sasa nije kwenye ile nyumba ya mawe, maana bila hiyo hakuna wasifu.

Karatasi za zamani ziliiita Nyumba ya Mapumziko ya Gavana. Shangazi aliisoma sentensi hiyo kwa mwaka mmoja tu. Kisha akaanza kutazama. Madirisha yana upana wa kiganja. Mlango ulikuwa unafungwa kwa nje. Na ndani, ukutani, kuna pete za chuma kumi na nane, zote ziko usawa wa kifundo cha mguu. Alichukua likizo yake ya mwaka, wenzake walipokwenda kupumzika, akakaa siku ishirini na moja kwenye hifadhi ya nyaraka akivuta vumbi. Alikuta ripoti ya mhandisi aliyejenga barabara yetu ya kona thelathini na mbili. Wachimbaji wa barabara ile walikamatwa majumbani mwao wakaletwa kwa nguvu. Jioni walifungiwa katika nyumba ile, miguu kwenye pete, wasije wakatoroka. Msimu mmoja wa baridi, ugonjwa uliua arobaini na watatu. Mhandisi aliliandika jambo hilo katika mstari mmoja, chini ya habari ya upungufu wa majembe.

Tangu hapo Shangazi aliwaeleza wageni hivyo hivyo, kwa dakika nne, kwa sauti ya mtu anayesoma ratiba ya mabasi. Hakulia wala hakutaka mtu alie. Wageni walitazama zile pete, wakarudi kwenye basi taratibu. Miaka ikapita.

Ndipo tulipoletewa Meneja wa Masoko.

Meneja alikuja na neno moja, "mvuto", na alilitumia kama watu wengine wanavyotumia chumvi. Ofisi haikuwa na mvuto, basi halikuwa na mvuto, mimi sikuwa na mvuto. Alisoma vitabu vya maoni vya miaka mitano na kugundua kwamba wageni watatu, kati ya maelfu, walisema nyumba ya mawe inatia huzuni. Akafunga mlango wake siku mbili. Alipotoka alikuwa na hadithi mpya. Ati palikuwa na binti wa mtawala, mzuri kupita kiasi, aliyejengewa nyumba ile amngojee mchumba wake. Ati zile pete zilikuwa za kutundikia taa. Mchumba hakuja, binti akajirusha gengeni na shela lake, na maporomoko ya maji ndiyo hilo shela. Mahali pakapewa jina jipya, Nyumba ya Bibi Harusi. Vipeperushi vikachapishwa kabla hatujaitwa kwenye kikao.

Kikaoni Meneja alisoma hadithi hiyo huku akijifuta jicho. Watu wakapiga makofi, na miongoni mwa viganja hivyo vilikuwemo viwili vyangu. Shangazi akanyoosha mkono.

"Huyo bibi harusi alikuwa na kimo gani," aliuliza, "hata taa zake azitundike usawa wa kifundo cha mguu?"

Meneja alimwambia kwamba hii ni hadithi tu, haimdhuru mtu. Shangazi akajibu kwamba yeye hataisema. Hakupandisha sauti. Alikusanya karatasi zake akarudi kazini, na Jumatatu iliyofuata hakuwa na kazi ya kurudia. Alihamishiwa kwenye chumba kilicho kando ya stoo, kupokea simu za wanaotaka nafasi kwenye basi. Kiti alichopewa kilikuwa na miguu mitatu mizima na mmoja wenye maoni yake. Alikaa humo miezi kumi na minne. Barua ya uhamisho iliita jambo hilo "kupanua uzoefu".

Mahali pake akaletwa bwana mmoja aliyekuwa mtangazaji wa redio, tuliyembatiza Sauti ya Asali. Simlaumu sana, alipewa karatasi kama Shangazi alivyopewa yake. Aliisimulia hadithi ya bibi harusi, mkono kifuani, kama yeye ndiye aliyeachwa. Ofisi ikatoa na shela halisi, kwenye boksi la plastiki, wageni wavae wapige picha mbele ya pete. Nyuma ya nyumba pakafungwa kamba, kwa sababu huko palikuwa na kuvu na picha hazikutoka vizuri. Wote kwa pamoja walipewa dakika ishirini. Mimi niliendesha basi. Kila siku niliusikia uongo ule, nikawasha injini, nikashuka mlima.

Mwezi wa kumi na tatu tangu Shangazi ahamishwe, alikuja mzee mmoja, fundi mwashi mstaafu wa miaka sabini na saba, pamoja na binti yake ambaye ni muuguzi. Walikaa kiti cha nyuma. Tulipofika nyumba ya mawe, Sauti ya Asali akaanza, na wanandoa wawili wakagombania shela huku wakicheka. Mzee hakuingia. Alizunguka hadi kwenye kamba, akaambiwa na Sauti ya Asali kwamba huko hakuna kitu. Akarudi akasimama karibu na dirisha langu.

"Wewe unapita hapa kila siku," aliniambia. "Unajua palikuwa pa nini?"

Nilijua. Nilikuwa nimesikia dakika nne za Shangazi kwa miaka.

"Mimi ni dereva tu, mzee," nilisema.

Nimeandika mengi ya kejeli hapa juu kuhusu wenzangu. Kwa sentensi hiyo moja ninawapita wote. Mzee aligeuka. Alipanda basi akakaa, na tukiwa kwenye kona za kushuka binti yake akaja mbele kunieleza, bila hasira, jambo ambalo lingekuwa rahisi zaidi kulipokea kwa hasira. Babu yake, yaani baba wa mzee, alifungiwa mle akiwa na miaka kumi na tisa. Alipona, akarudi nyumbani na kuzaa. Alimwambia mwanawe kwamba waliokuwa mle waliandika majina yao kwenye ukuta wa nyuma, chini kabisa, kwa ncha ya mtaimbo, siku walizokuwa wakitolewa nje kuota jua. Mzee aliishi miaka yote hiyo akisema atakwenda kuliona jina la baba yake. Alikuwa amekuja kuliona. Tulimwonyesha shela.

Asubuhi yake nilikwenda kwenye chumba cha kando ya stoo nikamsimulia Shangazi. Aliniuliza swali moja tu: nilimjibu nini? Nikamwambia. Simu ikalia, akaiacha ilie. Kisha akafungua daftari la nafasi, kwa kuwa sasa kazi yake ilikuwa majina na namba za simu za abiria, akatafuta namba ya yule muuguzi. Wale waliomweka pale kumkomoa walikuwa wamempa kitu pekee alichokihitaji.

Jumamosi iliyofuata, siku yake ya mapumziko, Shangazi alipanda basi kama abiria, pamoja na mzee na binti yake. Sauti ya Asali alipomwona alipoteza kurasa zake. Kwenye mkoba Shangazi alikuwa na chupa mbili za maji na brashi laini ya kusafishia nguo aliyoichukua kwa mumewe, ambaye ni fundi cherehani.

Tulipofika, hadithi ilianza kama kawaida. Shangazi hakumkatiza mtu. Aliinua kamba, mzee akapita chini yake akiwa ameshika bega lake, wakaenda nyuma. Nami nilizima injini nikafuata. Shangazi alipiga magoti kwenye tope, akamwaga maji kidogo kidogo na kupiga brashi. Kuvu likaachia. Jina la kwanza lilitokea, limepinda, herufi moja imegeuka nyuma mbele. Alilisoma kwa sauti. Likaja la pili, akalisoma. Upande wa mbele watu walianza kusikia majina, wakaja mmoja baada ya mwingine, hadi Sauti ya Asali akabaki peke yake na bibi harusi wake wa hadithi. Naye akaja. Alipokea chupa ya maji akawa anamwaga yeye.

La kumi na moja mzee hakungoja lisomwe. Alichuchumaa, akapitisha kidole kwenye kila mkwaruzo, kama fundi anayekagua kazi ya fundi mwenzake.

"Ni yeye," alisema. "Herufi zote kubwa. Ndogo hakuzijua mpaka anakufa."

Tulichelewa kurudi saa nzima, na hakuna abiria aliyelalamika. Bibi mmoja aliyekuwa amevaa shela alilivua akalishika mkononi, hajui aliweke wapi.

Ofisi ilijua pa kuliweka. Shangazi alipewa barua ya onyo kwa "kuharibu bidhaa". Meneja, kwa haraka ambayo hatujapata kuiona choo kikihitaji kutengenezwa, aliamuru ukuta wa nyuma upigwe plasta na chokaa, ili wageni wapate sehemu ya pili ya kupigia picha na shela. Shangazi na yule muuguzi walikuwa wamekwisha kuiandikia Idara ya Mambo ya Kale, lakini barua za serikali hutembea kwa miguu. Niliamriwa nipeleke mafundi na saruji Jumatatu asubuhi kwa basi letu. Nikasema basi bovu. Halikuwa bovu. Nililipandisha juu ya jeki, nikang'oa magurudumu manne, nikakaa chini yake siku tatu nikigonga chuma kwa spana kila nikisikia viatu vya Meneja. Siku ya nne alikodi lori la mtu mwingine.

Mafundi walianza kupiga plasta saa mbili. Ofisa wa Mambo ya Kale alifika na karatasi ya kuzuia saa sita, Shangazi akiwa kando yake. Theluthi ya ukuta ilikuwa imekwisha kufunikwa. Majina ishirini na sita yalikuwa bado wazi. Ofisa alisema yaliyofunikwa yasiguswe, yangeharibika. Mzee mwashi, aliyekuwa amefuatana nao, alimwomba radhi na kumweleza kwamba yeye amepiga plasta miaka hamsini, anajua pia jinsi ya kuitoa taratibu. Akaruhusiwa. Wiki tatu alipanda na sisi kila asubuhi, akiwa na tindo ndogo na nyundo ya mbao, amekalia gunia, Shangazi, kwa likizo yake ya mwaka, akimshikia mwavuli ukungu ukigeuka manyunyu. Alirudisha majina tisa. Sehemu sita plasta ilitoka pamoja na uso wa jiwe, na hakuna atakayejua tena palikuwa na nani. Mzee alifariki mwaka uliofuata. Kila aliponiona katika wiki zile alinisalimia vizuri, wala hakunikumbusha nilichomwambia.

Hayo yalikuwa miaka kumi na miwili iliyopita. Shangazi alirudishwa kwenye basi, bila mtu kumwomba radhi, kwa sababu wageni walianza kupiga simu wakiuliza siku ya "yule mama wa majina", na simu hizo alizipokea yeye mwenyewe. Tangu hapo amefundisha waongozaji watano. Wa kwanza ni Sauti ya Asali, ambaye sasa anasema dakika zile nne kwa sauti ya kawaida ya binadamu, na ni nzuri zaidi. Majina yote thelathini na tano yako kwenye daftari lenye anwani za ndugu ishirini waliopatikana. Shangazi aliwatafuta mmoja mmoja, kwa barua, kwa simu, kwa kuulizia misibani. Hayo ndiyo mafanikio, kama utawala ulivyotaka yatajwe.

Utawala nao haukukaa bure. Kipeperushi cha sasa kinasema kampuni yetu "iligundua na kuyalinda majina hayo kwa ari kubwa". Meneja wa Masoko alipandishwa cheo, sasa ni Naibu Mkurugenzi, na kwenye ratiba hii mliyoishika ndiye msemaji wa nne, atakayezungumzia mchango wa menejimenti katika kuhifadhi historia. Mimi nilipewa cheti cha utunzaji bora wa basi.

Wiki iliyopita Shangazi alifanya safari yake ya mwisho. Mume wake, ambaye kwa miaka thelathini na moja alikataa kupanda kwa sababu kona humtapisha, alipanda. Alitapika kwenye kona ya tisa, ya kumi na nne na ya ishirini na saba, kila mara akiomba radhi kwa wote waliokuwa karibu. Kileleni alipewa kiti akae mbele ya ukuta. Alisikiliza dakika nne kwa makini kama mteja mgeni, kisha akamwambia mkewe kwamba nyumbani huwa anazisema haraka mno.

Shangazi, kwa niaba ya madereva, waongozaji, wafagizi na makarani, tunakushukuru. Ulitufundisha kazi, na wengine wetu ulitufundisha kuona aibu, somo ambalo hatukuliomba. Tunakutakia afya, usingizi usiokatizwa na honi yangu, na miaka mingi ya kwenda mahali bila kumweleza mtu yeyote palijengwa lini.

Na msemaji wa nne atakaposimama leo, wewe kaa, kunywa chai yako. Akikosea, tumo ukumbini. Safari hii tutanyoosha mkono sisi.